Sinema Iliyowaacha Wenyewe Waseme

Msomaji, ukipita Kendu Bay, pwani ya ziwa katika Homa Bay, utaona maduka ya kale yaliyojengwa na wafanyabiashara wa Kihindi, nawe utajiuliza wenyewe walikwenda wapi. Waasia wengi wa Kenya walihamia Uingereza katika miaka ya 1960. Gurinder Chadha, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1960 na kulelewa London, aliitengeneza sinema ya I'm British But... mwaka 1989 juu ya watoto wa uhamaji huo na mwingine kama huo.

Uzuri wake ni kuwa haikumtanguliza mtaalamu awaeleze watu. Imewaacha vijana wenyewe waseme, na lafudhi ya Uskoti au ya Welisi hujibu kabla ya maneno. Naisifu kwa hilo.

Lakini nusu saa ni kidogo, na shabaha yake ni Uingereza. Serikali ya Kenya iliwatambua Waasia kuwa kabila la 44 mwaka 2017. Tangazo hilo halituambii Mhindi aliyepima sukari Migori, akibishana bei kwa Kijaluo, alijiita nani moyoni mwake. Hiyo ni sinema nyingine, nayo yafaa kupigwa wangali hai wanaomkumbuka.