Sifa za Aliyenyamaza Jukwaani

Katika michezo yote aliyoicheza Marcel Marceau, bingwa wa uigizaji bubu wa Ufaransa, hakuna ninaourudia kuutazama kama ule wa fundi wa barakoa, ambamo mtu mmoja, mikono mitupu, huvaa na kuvua barakoa zisizokuwapo, hii ya kicheko, hii ya kilio, kwa wepesi ambao macho hayauwahi. Kiganja kikipita mbele ya uso, uso umekwisha kugeuka. Mara barakoa ya kicheko ikagoma kutoka. Fundi aivuta kwa vidole, ainama, ahangaika huku na huku, magoti yamlegea, mabega yatetemeka kwa uchungu, na muda wote huo kinywa kimekenua vile vile, kana kwamba yumo harusini. Mwenye kutaka kujua ustadi ni nini na autazame mpaka ule uliopita shingoni: juu yake furaha, chini yake msiba, wala upande mmoja hauna habari na mwenziwe.

Alizaliwa Strasbourg mwaka 1923, jina lake Marcel Mangel, mwana wa Myahudi muuza nyama. Majeshi ya Ujerumani yalipoikalia Ufaransa alijitwalia jina la Marceau, jemadari wa zama za Mapinduzi ya Ufaransa, akaingia katika harakati za siri, akighushi vyeti vya vijana na kusaidia kuwavusha watoto wa Kiyahudi kwenda Uswisi. Na husimuliwa kwamba njiani aliwatuliza kwa mikono na uso wake ili pasisikike sauti. Baba yake hakusalimika, kwani alikamatwa mwaka 1944, akapelekwa Auschwitz na kuuawa huko. Aghalabu waandishi huyapita haya mbio mbio ili waiwahi ile kofia kuukuu yenye ua jekundu aliyoivaa jukwaani, nami sioni vipi mtu atakisifu kimya cha Marceau asijue kwamba kabla ya kuwa burudani kilikuwa sitara ya roho za watu.

Baada ya vita alisoma Paris kwa Charles Dullin na kwa Étienne Decroux, mwalimu mkali aliyeufundisha mwili kiungo kwa kiungo kama mwanazuoni afundishavyo sarufi, na mwaka 1947 akamzaa Bip, mhusika wake, yule maskini wa fulana ya mistari ambaye dunia humshinda kila siku naye asikome kuijaribu. Nasaba ya Marceau katika fani yafika kwa Deburau, mzaliwa wa Bohemia, aliyeipa Paris ya karne ya 19 mhusika wake mweupe Pierrot katika ukumbi wa Funambules, ukumbi uliobomolewa mwaka 1862 ili kupisha barabara pana. Ukumbi ulikwenda, walakini fani ilibaki katika miili ya watu.

Sinema nayo ilimwita Marceau, ingawa si kila filamu ilijua la kumfanyia. Mwongozaji Mel Brooks alijua: katika filamu yake ya mwaka 1976 isiyo na maneno, neno moja tu hutamkwa, nalo ni hapana, na mtamkaji ni Marceau, huyo huyo ambaye kila mtu alitaraji anyamaze.

Leo katika viwanja vya miji ya Ulaya vijana hujipaka weupe usoni, wakasukuma ukuta usioonekana huku wakitazama iwapo kuna sarafu iliyodondoka. Siwalaumu kwa njaa. Nawalaumu kwa uvivu. Mkono usukumapo hewa, sharti mgongo na kisigino vilipe gharama ya uzito huo, la sivyo hapana ukuta, pana mtu apungaye mikono tu. Na hadhira iliyozoea kelele haitambui kwamba imepunjwa. Marceau alifungua chuo Paris mwaka 1978 ili elimu hiyo isimfuate kaburini, akaendelea kupanda jukwaani hata uzeeni, akafariki mwaka 2007. Mwaka 2009 vitu vyake vilipigwa mnada mjini humo ili madeni aliyoyaacha yalipwe, na wapenzi wa fani walioomba vikusanywe katika makumbusho ya uigizaji bubu hawakuwa na uwezo wa kuvikomboa vyote. Na dola iliyomvisha nishani akiwa hai haikuuzuia mnada huo.