Faini Iliyomtoa Bingwa: Fan Zhendong na Kalenda ya WTT

Uamuzi wa WTT, chombo cha kibiashara kilichoundwa na Shirikisho la Kimataifa la Tenisi ya Meza na kuanza kuendesha mashindano mwaka 2021, wa kuwatoza faini wachezaji wasiohudhuria mashindano ya lazima ulikuwa kosa la wazi, na hukumu hiyo haihitaji kuzungukwa. Tarehe 27 Desemba 2024, miezi isiyotimia mitano tangu atwae dhahabu ya wanaume ya Olimpiki ya Paris, Fan Zhendong alitangaza kwamba amejiondoa kwenye viwango vya ubora wa dunia kwa sababu ya faini hizo, na Chen Meng, bingwa wa wanawake wa Olimpiki hiyohiyo, akatangaza vivyo hivyo. Mchezo ukawapoteza mabingwa wake wote wawili, si kwa jeraha wala kwa uzee, bali kwa kifungu cha kanuni.

Ubaya wa kifungu hicho huonekana vizuri zaidi katika hesabu yenyewe. Viwango vya ubora, yaani orodha inayowapanga wachezaji kwa pointi walizovuna, hujengwa juu ya matokeo manane bora ya miezi 12, na pointi yoyote hufutika inapotimiza mwaka. Kwa hiyo mchezaji anayepumzika hushuka mwenyewe, bila kamati kukaa wala barua kuandikwa, kwa kuwa adhabu ya kutocheza tayari imo ndani ya mfumo. Kumtoza fedha juu ya hapo ni kumwadhibu mara mbili kwa jambo moja, na kumwachia njia tatu tu: acheze, alipe, au aondoke. Aliyeondoka kwenye orodha naye hawezi kuingia katika mashindano ya WTT, hivyo kanuni iliyokusudiwa kuwaleta nyota mezani ndiyo iliyowafungia mlango. Inashangaza zaidi kwamba miongoni mwa viongozi wa juu wa chombo hicho alikuwamo Liu Guoliang, bingwa wa Olimpiki wa 1996, ambaye hakuhitaji kuelezwa mazoezi hugharimu nini.

Kalenda ya lazima hula muda wa mazoezi, na mchezo wa Fan hauishi bila mazoezi marefu, kwa kuwa umesimama juu ya miguu mizito yenye kasi na juu ya bakhendi, yaani mpigo wa upande wa nyuma ya kiganja, anayoitumia kuushambulia hata mpira mfupi wa kuanzisha kabla haujavuka meza. Katika robo fainali ya Paris alifungwa na Tomokazu Harimoto seti mbili za kwanza, 2-11 na 9-11, lakini mwishowe akashinda kwa seti 4-3. Dhidi ya mpinzani anayeugonga mpira ukiwa bado unapanda, hakuna anayejinasua kwa nguvu pekee, na mbinu ya pili haiokotwi uwanja wa ndege kati ya shindano moja na jingine. Ubingwa wake wa dunia wa Houston 2021 na wa Durban 2023 ulikuwa kazi safi ya mazoezi hayo.

Wasimamizi wa mchezo huu wana ugonjwa wa siku nyingi wa kutengeneza kitu ambacho hakijaharibika. Baada ya Sydney 2000 mpira ulikuzwa kutoka milimita 38 hadi 40 ili kasi ipungue, mwaka 2001 seti ikakatwa kutoka pointi 21 hadi 11, ukafuata mpira wa plastiki mwaka 2014, na katika mabadiliko mawili ya kwanza mtazamaji wa televisheni alisingiziwa. Hata hivyo, mabadiliko ya mwanzo hayakumfukuza Jan-Ove Waldner wa Sweden, bingwa wa Barcelona 1992, aliyefika Athens 2004 akiwa na umri wa miaka 38, akawatoa Ma Lin na Timo Boll, na kumaliza wa nne. Waldner wa Athens alilelewa na ligi za Ulaya na akili yake mwenyewe. Kalenda ya lazima isingemzalisha, na yamkini ingemstaafisha mapema.

Mwaka 2025 Wang Chuqin alitwaa ubingwa wa dunia mjini Doha kwa kumfunga Hugo Calderano 4-1, ushindi halali usio na doa, isipokuwa bingwa wa Olimpiki hakuwamo ukumbini. Fan alijiunga na klabu ya Saarbrücken katika Bundesliga, ligi kuu ya Ujerumani, ambako ushindi wake haukuongeza hata pointi moja kwenye orodha ya viwango vya ubora.