Ndege na Muziki katika Michezo ya Shakespeare

Msomaji wangu, ukisoma mashairi na michezo ya kuigiza ya Waingereza utakutana na ndege wengi na muziki mwingi. Huenda ukadhani kuwa vitu hivi ni mapambo tu, kama maua yawekwayo mezani ili chakula kipendeze. Sivyo. Katika utungo wa fundi hodari ndege ana kazi yake, na muziki una hukumu yake. Msomaji asiyevipima hupitwa na nusu ya maana.

Kijana anayesoma Gatitu, karibu na mji wa Nyeri, ana haki ya kuuliza, "Ndege wa Uingereza wananihusu nini?" Jina lenyewe la mahali pale lina asili ya neno la Kikuyu lenye maana ya msitu, na mtu aliyekulia penye miti hahitaji kufundishwa kuwa sauti ya ndege ni habari. Jogoo humwambia kuwa kumekucha. Bundi akilia karibu na nyumba, wazee wengi huogopa msiba. Basi kijana huyu anao ufunguo mkononi kabla hajafungua kitabu.

Shakespeare, aliyezaliwa mwaka 1564 na kufa mwaka 1616, alitumia ufunguo huohuo. Katika mchezo wa Julius Caesar tunaambiwa kuwa bundi alikaa sokoni mchana kweupe akipiga kelele, muda mfupi kabla ya Kaizari kuuawa. Katika Macbeth bundi analia usiku ule mfalme Duncan anapochinjwa katika nyumba ya mwenyeji wake. Lakini uangalie ufundi wa mtungaji. Kabla ya usiku huo mfalme alisimama mbele ya ngome ileile akiisifu hewa yake, na Banquo akaonyesha viota vya mbayuwayu ukutani kuwa dalili ya mahali pema. Ndege wa heri alitangulia kuwatuliza, ndege wa shari akaja nyuma na ukweli. Laiti mtungaji angalimtaja bundi peke yake, tungeogopa tu. Kwa kuwaweka wote wawili ametufundisha kuwa uso wa nyumba si moyo wa mwenye nyumba.

Ndege pia alikuwa saa. Katika viwanja vya wazi vya London michezo ilichezwa mchana, bila ya taa za kuonyesha usiku au alfajiri. Maneno ndiyo yaliyoleta giza na mwanga. Katika Romeo and Juliet mume na mke wanabishana juu ya sauti waliyoisikia. Je, ni ya naitingeli, ndege mdogo aimbaye usiku, au ya kipozamataza, arukaye juu akiimba kunapopambazuka? Ubishi huu si wa mchezo. Romeo amefukuzwa mjini, na akikutwa humo kumekucha atauawa. Juliet anasema ni ndege wa usiku kwa sababu anatamani usiku usiishe. Sikio lake limesikia lile ambalo moyo wake umelitaka.

Wala usidhani kuwa washairi ni walimu wa elimu ya ndege. Wengi wao humtaja naitingeli kama mwanamke mwenye huzuni, wakifuata hadithi ya kale ya Wayunani juu ya Philomela aliyegeuzwa ndege. Kwa kweli mwimbaji hodari ni dume, naye huimba hata mchana. Tena ndege huyu si mgeni kabisa kwetu: Ulaya ikiingia baridi huja Afrika, na huonekana katika vichaka vya Kenya.

Sasa tuje kwenye muziki. Mwalimu Julius Nyerere alitafsiri The Merchant of Venice kwa Kiswahili, na tafsiri yake ikatolewa mwaka 1969 kwa jina la Mabepari wa Venisi. Katika sehemu ya tano Lorenzo, akikaa katika mbalamwezi na mkewe Jessica, anadai kuwa mtu asiyeguswa na muziki ana moyo wa hila na hafai kuaminiwa. Wasomaji wengi huipokea kauli hii kama hekima kamili. Mimi nakuomba uisimamishe kizimbani.

Kumbuka kuwa mapema Shylock, baba yake Jessica, alimwamuru binti yake afunge madirisha ngoma na zumari zisiingie nyumbani. Kwa hiyo maneno ya Lorenzo yanamhukumu mtu asiyekuwapo kujitetea. Na anayehukumu ndiye aliyetoroka na binti yake na mali yake. Mwamba ngoma ngozi huivutia kwake. Je, mtu aliyetemewa mate njiani kwa sababu ya dini yake aweza kulisikia zumari la wanaomcheka kama wanavyolisikia wao? Naye Jessica, katika mbalamwezi ileile, anakiri kuwa muziki mtamu haumfurahishi. Je, naye haaminiki?

Mtungaji hakutuacha bila ya jibu. Punde Portia anafika, anasikia muziki uleule, na kusema kuwa kunguru na kipozamataza ni sawa pasipo wa kuwasikiliza, na kuwa naitingeli angeimba mchana kati ya makelele ya mabata bukini asingesifiwa. Utamu, basi, haumo katika sauti peke yake; umo pia katika saa, na katika hali ya asikiaye. Neno hili la ndege linalipunguza nguvu neno la Lorenzo, na kumrudishia Shylock haki ya kusikilizwa.

Kwa hiyo, msomaji, ukikutana na ndege au wimbo katika utungo, uliza: nani anasikia, saa ngapi, na anatamani nini? Nawe ukitunga, usimwazime naitingeli kwa sababu tu Keats alimtungia shairi mwaka 1819. Mtumie ndege umjuaye, umpe kazi ya kufanya.