Mapenzi na Ugonjwa katika Tamthiliya ya Kilio Chetu

Kilio Chetu, tamthiliya ya miaka ya 1990 iliyoandikwa na Medical Aid Foundation, inausawiri UKIMWI kupitia mapenzi ya vijana wawili, Joti na Anna. Lawama inaelekezwa, kwa haki, kwa wazazi walioinyamazia elimu ya jinsia. Hata hivyo, tamthiliya nayo ina ukimya wake. Joti anafariki, Anna anabaki na ujauzito na virusi. Ugonjwa unakuwa hukumu ya mapenzi yao kabla haujawa mtihani wa kuyapima. Tangu 2004, dawa za kufubaza virusi zilipoanza kutolewa bure nchini, mwanafunzi anayeisoma, awe Majengo mjini Dodoma au kwingineko, huenda mwenyewe anaishi na virusi hivyo. Tamthiliya inamwonya asiambukizwe. Haimwonyeshi namna ya kupenda akiwa ameambukizwa.