Siku, Nasaba na Nchi: Uhakiki wa Maandishi ya John C. Whitcomb

Makala haya yanahakiki vitabu viwili vya John C. Whitcomb (1924–2020), mwanateolojia wa Marekani aliyefundisha Agano la Kale katika Grace Theological Seminary, Indiana. Cha kwanza ni *Darius the Mede* (1959). Cha pili ni *The Genesis Flood* (1961), alichokiandika pamoja na mhandisi wa maji Henry M. Morris, na ambacho kilihuisha imani ya uumbaji wa dunia changa. Wanajiolojia wamekwisha kukijibu kwa ushahidi wa miamba. Sisi tunauliza swali la kiisimu: je, mwandishi anatumia kipimo kimoja katika kusoma maneno?

Katika kitabu cha 1959, Whitcomb ni msomaji makini. Kitabu cha Danieli kinamtaja Dario Mmedi kuwa aliupokea ufalme Babeli ilipoanguka, ilhali mabamba ya Babeli hayamtaji mfalme wa jina hilo kati ya Nabonido na Koreshi. Akirejelea Tarihi ya Nabonido, Whitcomb anahoji kwamba wafasiri waliwachanganya watu wawili: Ugbaru, aliyeuteka mji mwaka 539 K.K. na kufa muda mfupi baadaye, na Gubaru, liwali wa Koreshi. Kwake, Gubaru ndiye Dario. Hitimisho hilo ni dhaifu, kwani hakuna bamba linalomwita Gubaru mfalme wala Mmedi. Hata hivyo, mbinu yake ni ya kisomi: tahajia inapimwa, na tafsiri inasahihishwa kwa matini asilia.

Kipimo hicho kinalegalega katika kitabu cha 1961. Siku za Mwanzo 1 zinashikiliwa kuwa siku za kawaida, na hoja ya jioni na asubuhi ina uzito wake. Lakini katika kiambatisho, nasaba ya Mwanzo 11, inayotaja umri wa kila baba alipozaa, inaruhusiwa kuwa na mapengo ya maelfu ya miaka. Kwa maoni yetu, kilicholegeza nasaba si sarufi. Ni historia: hesabu ya Ussher, inayoweka gharika mwaka 2348 K.K., haiachi nafasi ya kutosha kwa ustaarabu wa kale. Ushahidi wa nje ukikubaliwa kulegeza nasaba, haieleweki kwa nini ukataliwe mlangoni pa siku.

Suala hili linatuhusu watumiaji wa Kiswahili moja kwa moja. Neno la Kiebrania *erets* hubeba maana ya ardhi, eneo na dunia nzima. Katika masimulizi ya gharika, Biblia ya Union Version mara nyingi hutumia “nchi”, ilhali Habari Njema mara nyingi hutumia “dunia”. Msomaji wa leo, ambaye kwake “nchi” ni Kenya au Uganda, hupata gharika mbili tofauti kabla hajasoma hoja yoyote. Whitcomb alikiri kwamba neno “yote” huweza kuwa na mipaka kwingineko, ila akasisitiza kwamba muktadha wa gharika unaikataa mipaka hiyo. Msomaji aliyepewa “dunia” pekee hawezi kuipima hoja hiyo.

Tunapendekeza, basi, kwamba tafsiri na vitabu vya kufundishia dini viweke tanbihi pale neno asilia lina maana zaidi ya moja. Mfasiri akinyamaza, huwa amekwisha kuhukumu kwa niaba ya msomaji.