MZIMU WA HADITHI NA MZIMU WA MSITU

Watungaji wa nchi za kubuni, katika lugha nyingi, hupenda kuweka ndani yake mahali patakatifu palipo pia pa hatari, na mara nyingi mahali hapo huwa ni safu ya milima itoayo moto. Afrika ya Mashariki haikosi mfano wa kweli: Ol Doinyo Lengai, ambao kwa Wamasai ni Mlima wa Mungu, ulilipuka tena mwaka 2007. Lakini hadithi ya Kiswahili ya visiwani haikukulia chini ya mlima wa namna hiyo. Vilima vya Pemba ni vifupi na havina moto. Kicho cha huko hukaa katika pango, katika kisima, au chini ya mti mkubwa. Kwa hiyo mhakiki atakaye kujua jinsi Kiswahili kinavyojenga mahali pa kutisha hana budi kuanza na neno mzimu.

Neno hili lina maana mbili. Kwanza ni roho ya aliyekufa. Pili ni pahali penyewe pelekwapo sadaka na maombi. Muhammed Said Abdulla aliishika maana ya pili alipoiita hadithi yake Mzimu wa Watu wa Kale. Hadithi hiyo ilishinda katika mashindano ya uandishi ya mwaka 1957–58, ikapigwa chapa mwaka 1960, na ndiyo iliyomtambulisha Bwana Msa kwa wasomaji. Maiti ya mtu aliyeuawa yakutwa penye mzimu. Imani ya mahali hapo ina jawabu lake tayari. Bwana Msa haridhiki nalo, bali hutafuta mkono wa binadamu mpaka auone.

Ustadi wa mtungaji hauna shaka. Hakuhitaji kumleta jini hata mmoja ili pahali pake patishe. Imani ya watu yatosha. Katika Kisima cha Giningi (1968) alifuata njia iyo hiyo, maana Giningi, kwa masimulizi ya Unguja, ni makao ya wachawi, na jina tu lamsisimua msomaji kabla hajafungua ukurasa wa kwanza.

Hata hivyo ipo kasoro. Mzimu wa kitabuni ni pazia tu la muuaji: fumbo likifumbuliwa, pazia huanguka, na mahali hubaki patupu. Hofu imechukuliwa, sheria yake imeachwa. Na apime mtu jambo hili huko Makangale, kaskazini-magharibi ya Pemba, penye msitu wa Ngezi. Katika karne ya 19 misitu mingi ya kisiwa ilifyekwa kupisha mikarafuu. Ngezi ni salio lake, na humo waonekana mpapindi na popo wa Pemba, viumbe ambao asili yao ni kisiwa hicho tu. Leo msitu huo ni hifadhi ya serikali, lakini mna pia mahali pa mizimu panapoheshimiwa. Penye mzimu mtu haingii ovyo, hachafui ovyo, wala hakati ovyo. Hatari yake haitenganiki na utakatifu wake, na vyote viwili vina kazi: humfundisha binadamu kwamba si kila kitu ni chake.

Yaweza kujibiwa kwamba hadithi ya upelelezi haina wajibu huo, na kwamba kupiga vita ushirikina ni jambo jema. Jawabu hilo lina haki, ila halitoshi. Muuaji angeweza kukamatwa na mzimu ukabaki mzimu, kwa kuwa kosa lake lilikuwa mara mbili: aliua mtu, tena alinajisi mahali. Kosa la pili halikupewa uzito wa kutosha.

Hasara yake si ya fasihi peke yake. Msomaji asiyeujua mzimu ila kwa vitabu huenda akadhani kwamba neno hili lina maana ya kiumbe wa kutisha usiku basi, na ile maana ya pahali ikamponyoka. Neno likipoteza pahali pake, pahali nako hupoteza mtetezi. Mtungaji atakayeandika juu ya nchi ya kubuni kwa Kiswahili hana haja ya kuazima mlima wa moto. Ngezi inamtosha, mradi aingie kwa adabu.