Mwangwi wa Sikio la Mtoto Mchanga: Jinsi Usikivu Unavyopimwa, na Siku Zinazofaa Gando

Uchunguzi wa awali wa usikivu ni kipimo kifupi anachofanyiwa mtoto katika siku zake za mwanzo, kwa lengo la kuwatenga watoto ambao masikio yao yamejibu vizuri na wale wanaohitaji kuangaliwa tena, na jambo linalopaswa kueleweka kabla ya mengine yote ni kwamba kipimo hiki hakimtangazi mtoto yeyote kuwa kiziwi. Ni chekecheo tu: kinachobaki juu ya chekecheo hupelekwa kwa mtaalamu, naye ndiye mwenye neno la mwisho. Kwa kijiji kama Gando, kilichoko kwenye rasi ya magharibi ya Wilaya ya Wete, Kaskazini Pemba, ufundi wenyewe wa kupima si tatizo tena, kwa kuwa ulikwisha kutatuliwa katika maabara miongo kadhaa iliyopita. Kilichobaki kigumu ni kuchagua siku ya kupima na kuhakikisha kwamba mtoto aliyetakiwa kurudi anarudi kweli.

Haja ya chombo inatokana na ukweli kwamba uziwi wa utotoni haujionyeshi. Mtoto asiyesikia hulia, hucheka na hata hutoa sauti za kitoto kama wenzake katika miezi ya mwanzo, na mzazi anayempigia makofi nyuma ya kisogo au kugonga sufuria karibu na kitanda hudanganyika kwa urahisi, kwani mtoto hugeuka kwa sababu ya upepo wa mkono, kivuli kilichopita au mtikisiko wa sakafu. Katika nyumba za Pemba, ambako sikio la kulia la mtoto husomewa adhana mara tu anapozaliwa, sauti ndiyo zawadi ya kwanza anayopewa, na hakuna aliyepo chumbani anayeweza kujua kwa macho kama imepokewa. Mara nyingi shaka huanza mtoto anapochelewa kusema, yaani katika mwaka wa pili au wa tatu, wakati ambapo ubongo umekwisha kupoteza sehemu kubwa ya kipindi chake bora cha kujifunza lugha. Utafiti wa Christine Yoshinaga-Itano na wenzake katika jimbo la Colorado, Marekani, uliochapishwa mwaka 1998, uliwalinganisha watoto 72 ambao upungufu wao wa kusikia uligunduliwa kabla ya kutimiza miezi 6 na wengine 78 waliogunduliwa baada ya hapo, na ukaonyesha kwamba wale wa kwanza walikuwa mbele kwa lugha, iwe familia zao zilitumia lugha ya kusema au lugha ya alama.

Majaribio ya mwanzo ya kupima watoto wote wanaozaliwa hospitalini yalitegemea macho ya mpimaji. Katika miaka ya 1960, mjini Denver, Marion Downs alitumia sauti kubwa iliyopimwa na kuwaweka watu wa kutazama kama mtoto anashtuka, anafumbua macho au anaacha kunyonya. Kazi hiyo iliamsha taaluma nzima, lakini njia yenyewe ilikuwa na kasoro isiyoondoka: watazamaji wawili wangeweza kumwangalia mtoto mmoja wakatoa majibu mawili. Ilihitajika njia ya kuliuliza sikio lenyewe bila kupitia tabia ya mtoto, na njia hiyo ilitoka kwenye fizikia. Mwaka 1948 Thomas Gold alikuwa ameeleza kwamba sikio la ndani haliwezi kuwa kinasa sauti kinachokaa kimya, bali lazima liwe na nguvu yake linayoiongeza kwenye sauti inayoingia, hoja ambayo wengi hawakuikubali; miaka 30 baadaye, mwaka 1978, David Kemp, akifanya kazi London, aliweka maikrofoni ndogo katika tundu la sikio na kunasa mwangwi uliotoka ndani.

Mwangwi huo hutoka katika koklea, mfereji mdogo uliojikunja mfano wa gamba la konokono, ambao umejaa majimaji na umepangwa safu za seli zenye vinyweleo. Seli za safu ya ndani hupeleka habari kwenye neva ya kusikia, ilhali zile za safu za nje, ambazo ni takriban 12,000 katika kila sikio, hufupika na kurefuka kwa kasi ya sauti yenyewe ili kuikuza, na katika kazi hiyo hurudisha mtikisiko kidogo nyuma kupitia mifupa ya sikio la kati hadi kwenye kiwambo cha sikio, nacho hutikisa hewa ya tundu la nje. Seli hizo za nje ndizo zinazoharibika mapema katika aina nyingi za uziwi, kwa hiyo mwangwi ukisikika, mpimaji ana sababu nzuri ya kuamini kwamba koklea inafanya kazi.

Ugumu wa kiufundi ulikuwa kuutambua mwangwi huo dhaifu katikati ya sauti iliyoutoa. Chombo kina ncha laini ya mpira inayoziba tundu la sikio, na ndani ya ncha hiyo mna spika ndogo na maikrofoni. Spika hutoa mlio mfupi mithili ya kidoko cha ulimi, na mlio huo hugonga kuta za tundu na kurudi kwenye maikrofoni kabla koklea haijasema lolote. Suluhisho lililoenea lina uzuri wa hesabu ambao unastahili kutazamwa kwa karibu. Vidoko hutolewa kwa mafungu ya vinne: vitatu vya kwanza vina ukubwa mmoja na husukuma hewa upande mmoja, na cha nne kina ukubwa mara tatu lakini kimegeuzwa, kwa hiyo huivuta hewa upande wa pili. Majibu ya vidoko vinne yakijumlishwa, yale yaliyotoka kwenye kuta hufutana yote, kwa kuwa ukuta hurudisha kwa kadiri ileile ulivyopigwa, na tatu ukitoa tatu hubaki sifuri. Seli hai haziendi kwa kadiri hiyo. Zikipigwa mara tatu zaidi hazijibu mara tatu zaidi, kwani hufikia ukomo wa nguvu zake, na ile tofauti inayobaki baada ya kujumlisha ndiyo saini ya sikio lililo hai.

Hata hivyo, fungu moja halitoshi, kwa kuwa pumzi ya mtoto, kunyonya kwake na kelele za chumbani vina nguvu kuliko mwangwi. Mashine hukusanya mamia ya majibu, ikiyaweka kwa zamu katika makapu mawili, kisha huyalinganisha: kelele ni za kubahatisha, hivyo hazifanani kutoka kapu moja hadi jingine na hufifia kadiri wastani unavyochukuliwa, ilhali mwangwi hujirudia vilevile na kubaki. Mashine nyingi huridhika pale mwangwi unapoizidi kelele kwa takriban desibeli 6 katika masafa kadhaa ya sauti, hasa yale yanayobeba konsonanti za usemi. Mtoto aliyelala akiwa ameshiba anaweza kumaliza masikio yote mawili kwa dakika chache, lakini mtoto yuleyule chini ya bati linalopigwa na mvua ya masika, huku wageni waliokuja kumwona mzazi wakisalimiana mlangoni, anaweza kumchosha mpimaji kwa nusu saa bila jibu. Mpimaji anayefika nyumbani anahitaji kujua kuomba chumba cha ndani na kumsubiri mtoto anyonye alale. Ujuzi huo hauandikwi kwenye kitabu cha mashine, na ndio unaoamua kama siku imefaa.

Saa za mwanzo baada ya kuzaliwa ndizo mbaya kuliko zote kwa kipimo hiki, kwani tundu la sikio huwa bado lina mabaki ya utando mweupe unaoufunika mwili wa mtoto, na sikio la kati huwa na majimaji ambayo hayajakauka, kwa hiyo watoto wengi wenye koklea nzima huonekana kama hawajajibu. Baada ya siku mbili hivi idadi hiyo hupungua sana. Programu za nchi tajiri huuvumilia usumbufu huo kwa sababu karibu kila mtoto huzaliwa hospitalini na hapo ndipo mahali pekee pa kumpata; kuiga mpango huo pasipo kufikiri kungeiletea Gando kasoro zake bila faida zake, kwa sababu mama aliyejifungua salama huruhusiwa mapema, wako wanaojifungulia nyumbani, na baada ya hapo mzazi hukaa ndani siku arobaini. Desturi hii ya arobaini mara nyingi hutajwa na wapangaji wa huduma kama kikwazo. Kwa kipimo cha mwangwi ni kinyume chake: ni siku ambazo mtoto yuko mahali panapojulikana, analala sana, na masikio yake yamekauka.

Mfano wa kutoka hospitalini na kuwafuata watoto mahali walipo umekwisha kufanyiwa kazi Afrika. Katika jiji la Lagos, Nigeria, Bolajoko Olusanya na wenzake waliwapima watoto katika vituo vinne vya chanjo ya BCG, na matokeo yao yalichapishwa mwaka 2008. Wapimaji walikuwa wahudumu wa afya ya jamii waliopewa mafunzo, na njia ya chanjo iliwafikisha hata kwa watoto waliozaliwa nje ya hospitali. Pemba nayo ina ushahidi wake, ingawa haukuhusu masikio. Jaribio la kusafisha vitovu kwa dawa ya kloreheksidini, lililoongozwa na Sunil Sazawal kwa ushirikiano na Maabara ya Afya ya Jamii Ivo de Carneri ya Chake Chake na kuchapishwa mwaka 2016, liliandikisha watoto wachanga 36,911 na kuwafuatilia majumbani katika mwezi wao wa kwanza. Dawa haikuonyesha kupunguza vifo kwa kiwango cha kuaminika kitakwimu, lakini kwa mada hii thamani ya kazi hiyo iko kwingine: watu waliozaliwa na kukulia kisiwani waliweza kubisha hodi, kwa siku zilizopangwa, kwenye nyumba za makumi ya maelfu ya wazazi. Tangu hapo Zanzibar imejenga mpango wa Jamii ni Afya, ambao wahudumu wake wa kujitolea hutembelea kaya wakiwa na simu zinazowakumbusha mama yupi atembelewe na lini, na kipimo cha masikio kinahitaji njia ya namna hiyohiyo.

Mwangwi una upofu wake, na upofu huo unaigusa Pemba moja kwa moja. Unaeleza hali ya seli za nje tu. Hauelezi chochote kuhusu neva iliyo nyuma yake. Mtoto aliyepata umanjano mkali, yaani kulundikana kwa rangi ya bilirubini kwenye damu, anaweza kubaki na koklea inayorudisha mwangwi safi ilhali neva na shina la ubongo vimeumia, na umanjano wa aina hiyo huwapata zaidi watoto wenye upungufu wa kimeng'enya cha G6PD, hali iliyo ya kawaida katika maeneo yaliyoishi na malaria kwa vizazi vingi. Hatari kama hiyo iko kwa aliyekosa hewa wakati wa kuzaliwa. Watoto hawa wanahitaji kipimo cha pili, ambacho hubandika vipande vya kunasa umeme kwenye paji la uso na nyuma ya masikio ili kuyasoma mawimbi ya shina la ubongo yanayofuata kila kidoko kwa muda usiozidi sehemu 10 kati ya 1,000 za sekunde. Kuwapima kwa mwangwi pekee na kuwaambia wazazi wao kwamba mambo ni sawa ni kosa zito kuliko kutowapima kabisa, kwa sababu huifunga shaka ambayo ingewafikisha kwa daktari.

Zito pia ni neno analoachiwa mama. Kwa mfano wa hesabu tu, ikiwa katika watoto 1,000 wako 3 wasiosikia na mashine ikawataka 80 warudiwe, basi 77 kati ya hao 80 wanasikia vizuri. Mpimaji akisema mtoto "ameshindwa", atakuwa amezitia nyumba 77 hofu isiyo na sababu, na maneno ya mtaani yatawafanya wengine wasije tena, wakiwemo wale 3. Kauli iliyo kweli ni kwamba sikio halijajibu leo na litaulizwa tena tarehe fulani.

Tarehe hiyo Gando inaweza kutoka kwenye kalenda iliyopo tayari. Kamati ya pamoja ya wataalamu nchini Marekani iliweka lengo la kumaliza uchunguzi wa awali kabla ya mwezi 1, kuthibitisha kabla ya miezi 3 na kuanza msaada kabla ya miezi 6. Mtoto akipimwa nyumbani kati ya siku ya 3 na ya 10, mama hutoka arobaini siku mbili tu kabla ya chanjo ya wiki ya 6, safari ambayo angeifanya hata pasingekuwa na mashine, na sikio lililobakia na shaka linaweza kurudiwa kituoni siku hiyohiyo. Lengo la mwezi mmoja litakuwa limepitwa kwa wiki mbili hivi, na hilo ni bei ndogo kwa mtoto anayerudi kweli. Chanjo ya wiki ya 14 huwa ndiyo nafasi ya mwisho ya kumkamata aliyekosekana. Baada ya hapo njia huwa ndefu: Wete, kisha bahari, na kwa wachache Hospitali ya Taifa Muhimbili, iliyoanza kupandikiza vifaa vya koklea mwezi Juni 2017. Lugha ya alama haihitaji kuingoja safari hiyo; inaweza kuanza nyumbani wiki ileile uziwi unapothibitishwa. Kwa familia za Fundo na visiwa vingine vidogo, ambazo hupanga safari kwa maji kujaa na kupwa, mhudumu atalazimika kuandika simuni siku ya kurudi pamoja na saa ambayo chombo kinaweza kuvuka.